Keti Aliyerudi

Komeo la sanduku la bati lililia ta! gizani, na Katarina, aliyekuwa macho tayari, akajua kwamba wiki hii atavaa tena nguo ya marehemu.

Hakuhitaji taa kulijua hilo. Sanduku lilikaa chini ya kitanda cha mama mkwe wake, Bi Mektilda, upande wa pili wa ukuta usiofika darini, na ufunguo wake ulining'inia kwenye uzi kiunoni mwa yule mama usiku na mchana. Likifunguliwa, kwanza hulia komeo, halafu bawaba zinakoroma, halafu harufu ya vidonge vya kufukuza mende inapanda ukuta na kushuka upande huu, mpaka kwenye mto wa Katarina. Alivuta shuka, akamfunika vizuri mtoto aliyelala ubavuni mwake, akangoja.

Bi Mektilda hakupiga hodi. Alisimama mlangoni na kibatari, na mkononi ameshika gauni la kitenge cha zambarau lenye kola nyeupe.

"Keti. Amka, mwanangu."

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Hili utalivaa Jumamosi. Lipige pasi, na hiyo kola uilowanishe leo, imeanza kuwa njano." Aliinamisha kibatari kumwangalia mtoto, akaona amelala fofofo, na sauti ya 'mwanangu' ikamtoka mdomoni kama kokwa linalotemwa. "Jumamosi tunasimika msalaba kaburini. Watu wa Nzega wanakuja. Usinitie aibu, kiraka wewe."

Kiraka ndilo jina alilompa wanapokuwa wawili. Kiraka kizuri, alimweleza zamani, ni kile kinachofanana na nguo mpaka mtu asijue palichanika wapi.

Mambo yalianza hivi. Mathias, mtoto wa pekee wa Bi Mektilda, dereva wa bajaji mjini Tabora, alikuwa na mke aitwaye Katarina, binti wa Nzega. Watu walimwita Keti. Mathias alilipenda jina hilo hata akaliandikisha nyuma ya bajaji yake kwa rangi nyekundu na kwa herufi za Kizungu, KATE, lipendeze. Keti akafariki kwa uzazi, na kichanga naye hakuvuka. Akabaki mtoto mmoja, Advera, wa miaka miwili, ambaye kila aliposikia mlio wa bajaji alikimbilia mlangoni akiita mama.

Bi Mektilda hakuwa mtu wa kulia muda mrefu. Alipeleka ujumbe Nzega, kwa wazazi wa marehemu, watoe mdogo mtu aje ashike nafasi ya dada yake kama wazee walivyozoea. Nzega walikataa. Walisema wamekwisha kuzika mmoja, inatosha. Basi akakaa, akawaza, akaja na lake. Kama damu imekataa, jina litakubali. Kwa akili yake, watu wa jina moja ni kama mtu mmoja aliyegawanywa: wajina akiingia mahali pa wajina wake, marehemu hana kinyongo, na mtoto hana tofauti ya kuiona. Akaanza kuhudhuria mikutano ya akina mama wa parokia, Urambo, Kaliua, mpaka Usinge kwenye ukingo wa msitu, na kila baada ya sala ya kufunga alisimama mbele ya watu akauliza bila haya:

"Nani ana binti anaitwa Katarina, hajaolewa?"

Walipatikana watatu. Wa kwanza alikuwa na miaka kumi na minne. Wa pili alikuwa amekwisha kuahidiwa utawa. Wa tatu ndiye huyu, binti wa mzee Marko wa Usinge, mwenye miaka kumi na tisa na cheti cha darasa la saba. Bi Mektilda alimzungusha kwa bega, akamtazama mbele na nyuma, akasema urefu unafaa.

Kwao hakuna aliyemwita Katarina. Usinge ilijaa akina Katarina, akina Magreth, akina Elizabeti. Ungedhani padri wa zamani alikuwa na majina kumi tu kwenye kopo lake, na akiyamaliza anaanza upya. Jina la ubatizo lilikuwa la wote, kama kisima. La kuitiwa nyumbani ndilo lililokuwa la mtu. Kwenye darasa la katekisimu walikuwa Katarina wanne: mmoja Keti, mmoja Kathe, mmoja Tarina, na yeye, Rina. Baba yake, mrina asali, alilifurahia jina hilo, akisema mtoto amezaliwa na kazi tayari.

Siku aliyoletwa Tabora, Bi Mektilda alimsimamisha nje ya mlango kabla hata ya kumpa maji ya kunywa.

"Sikiliza, binti. Mtoto tumemwambia mama yake alikwenda Nzega kutibiwa, na leo amerudi. Wewe ndiye Keti. Umesikia?"

"Mama, mimi nyumbani naitwa Rina."

"Humu ndani hakuna Rina. Humu ndani yuko Keti, na Keti hajafa. Anayesema Keti amekufa, aende kwao."

Katarina angeweza kugeuka saa ile ile. Hakugeuka, kwa sababu nyuma ya kochi aliona kitoto kimejikunja, kamasi zimekauka, kinamtazama. Kilikuwa na njaa ya mama kuliko ya uji. Akapiga magoti, akakinyooshea mikono.

"Siyo mama," kile kitoto kilisema.

Bi Mektilda alikishika sikio akalisokota. "Sema mama."

Kilisema siku ya tisa.

Tangu hapo ilikuwa kazi ya kila siku. Walimkata Katarina nywele fupi kama za Keti. Picha zote za marehemu zilichomwa kwenye jiko la mkaa, ila vitambaa vya makochi viliachwa, maana vilidariziwa 'Keti' na jina lilikuwa sahihi. Alifundishwa kumwita mtoto Vera, kwa kurefusha mwisho wake, Veraaa, kama marehemu. Hata darasa la jioni la watu wazima aliloomba kusoma, aliruhusiwa kwa hoja hiyo hiyo. "Keti alifika kidato cha nne," Bi Mektilda alisema. "Hatuwezi kukaa na Keti wa la saba." Basi jioni tatu kwa wiki Katarina alikwenda na daftari lake, na jioni zilizobaki alikaa mkekani uani akifanya mazoezi, na Advera tumbo chini ubavuni mwake, akichora herufi upande wa pili wa ukurasa. Hizo ndizo saa alizokuwa mzima. Mtoto alikuwa wake kwa joto, kwa homa alizomkesha, kwa jino la kwanza lililong'oka na kutupwa juu ya bati. Kitu kimoja tu alikuwa hajakipata katika miaka mitatu. Alitamani siku moja alisikie Rina likitamkwa ndani ya nyumba ile, hata kwa makosa, na alitamani litoke kwa mtoto.

Sasa Bi Marcelina, mama wa marehemu, alikuwa ametuma salamu kutoka Nzega: kaburi lijengwe, na siku ya kusimika msalaba mjukuu wake awepo, aweke mkono kwenye jiwe kabla ya saruji kushika. Bila hivyo yeye na ukoo wake wangekuja kumchukua mtoto mzima mzima. Bi Mektilda hakuwa na namna.

"Na Vera tutamwambia kaburi ni la nani?" Katarina aliuliza asubuhi ile, gauni la zambarau mapajani.

"La bibi mzaa bibi. Mtoto wa miaka mitano atajua nini?"

Mchana Katarina alitumwa na Mathias kwenda kuchukua msalaba wa marumaru kwenye duka la vigae la mzee Nanji, karibu na soko. Sajid, fundi wa kuchonga, aliutoa kwenye magunia, akaupangusa vumbi kwa kiganja.

"Soma, dada. Ukishatoka hapa haurudi."

KATARINA MATHIAS. ALIZALIWA 1996. ALIFARIKI 2021. APUMZIKE KWA AMANI.

Alisoma mara mbili.

"Jina la anayepokea?" aliuliza Gulshan, mkwe wa mzee Nanji, aliyekaa nyuma ya meza ya duka na miwani puani.

"Katarina Mathias."

"La marehemu ninalo. Nipe la kwako."

"Ndilo langu, mama."

Sajid aliachia kicheko. "Loo! Wengine wanajiandaa mapema!"

"Funga domo lako," Gulshan alimkemea, kisha akavua miwani. "Alikuwa ndugu yako?"

"Sikuwahi kumwona. Mimi ndiye niliyekuja baada yake." Katarina alisogea karibu na jiwe. "Fundi, huwezi kuongeza neno dogo hapa chini? Uandike Keti. Watu ndivyo walivyomwita. Ijulikane ni yeye."

Sajid alikuna kidevu. "Nafasi ipo. Lakini mama mkwe wako alikuja mwenyewe, akakataza. Alisema Keti lisiwekwe, maana Keti yuko nyumbani."

Katarina alikuwa akihesabu taratibu: Katarina limekwenda kaburini, Keti limebaki nyumbani kwa kazi maalumu, na Rina haliruhusiwi kuvuka mlango.

"Kwetu akina Zeenat wako wanne, shangazi mpaka kijukuu," Gulshan alisema polepole. "Hatujawahi kumvika mmoja maisha ya mwenzake. Marehemu aliacha mtoto?"

"Mmoja. Anajua mimi ndiye mama yake yule yule."

"Anajua kusoma?"

"Ameanza. Namfundisha mimi."

"Ulianza kumfundisha neno gani?"

Katarina aliinamisha macho. "Jina langu. Aliniomba."

Gulshan alirudisha miwani puani, akausukuma msalaba kidogo kwa ncha ya kidole kama kitu chenye moto. "Basi mwambie wewe mwenyewe, binti. Usiliache jiwe limwambie."

Mathias alikuja na bajaji. Yeye na Sajid waliulaza msalaba kwenye kiti cha abiria, na Katarina akabanwa pembeni akiushikilia usiteleze, jina lake likimgusa goti kila barabara ilipoharibika.

"Mathias," aliita kwa sauti juu ya mlio wa injini. "Tumwambie mtoto kabla ya Jumamosi. Mimi na wewe. Taratibu tu."

"Tumwambie nini?"

"Kwamba mama yake alikufa. Kwamba mimi ni mwingine ninayempenda."

Alimwona kwenye kioo akikunja uso, kama mtu aliyeumwa jino. Hakuwa mtu mbaya, Mathias. Alikuwa mtu aliyezoea kupakuliwa, chakula na maneno.

"Usinichanganye, Keti."

"Mimi si Keti. Hata wewe unajua. Mimi ni Rina."

"Mimi nimeoa Keti mara mbili," Mathias alisema, akapiga honi kumfukuza kuku. "Rina simjui. Sijamtolea mahari, simlishi. Kama unamwona mahali mwambie aende kwao."

Akacheka mwenyewe. Halafu mpaka wanafika nyumbani hakumtazama tena kwenye kioo.

Alhamisi jioni Bi Mektilda alikwenda jumuiya. Katarina alitandika mkeka uani, akafungua daftari. Advera alijilaza, ulimi nje, akachora K kubwa yenye miguu mirefu.

"Mama, leo niandike nini?"

"Leo tuongee kidogo. Weka kalamu chini, Vera." Alikuwa amefanya mazoezi ya maneno haya kichwani tangu dukani, akiyapanga na kuyapangua. "Unakumbuka ulipokuwa mdogo sana, kabla sijaja..."

"Uliporudi kutoka Nzega."

"Ee. Sasa, kabla ya hapo kulikuwa na mama..."

"Kulikuwa na mama nani?"

Sauti haikuwa ya mtoto. Bi Mektilda alikuwa amesimama kwenye kona ya nyumba, rozari mkononi, kitenge cha jumuiya begani. Labda alisahau kitu. Labda hakwenda kabisa.

"Vera, nenda ndani ukanawe miguu."

Mtoto aliingia. Bi Mektilda alisogea, akalichukua daftari mkekani, akalifungua huku na huku. Hakujua kusoma, sala zote alizijua kwa moyo. Alichokiona pale ni wino tu na michoro ya mtoto. Akalibeba mpaka kwenye jiko, akachana ukurasa baada ya ukurasa, akasokota na kuchomeka kwenye mkaa bila haraka, kama anayewasha moto wa chai. Darasa zima la jioni liliwaka pale: hesabu, historia, insha mbili alizopata alama nzuri, na Katarina, Katarina, Katarina ya mkono wa Advera.

"Nakwambia mara moja," alisema huku akipuliza moto. "Mtoto huyu hana hata tone lako. Hukumbeba, hukumzaa. Ukifungua mdomo, utaondoka kwa miguu yako, peke yako, na hakuna baraza litakalokusikiliza. Mwambie ukweli, uone atakayebaki naye ni nani. Unadhani anakupenda wewe? Anampenda Keti. Wewe mtoe Keti humo, tuone kinabaki nini."

Neno hilo lilimkaa Katarina kifuani kuliko moto wa daftari. Usingizi haukuja. Ijumaa akafua, akapika, akaipiga pasi kola nyeupe mpaka ikawa kama karatasi. Mara tatu alimwita mtoto, na mara tatu alipomtazama akamtuma chumvi, kijiko, ufagio.

Jumamosi ilikuja na jua kali. Makaburi yako nje ya mji, kando ya njia ya zamani ya misafara, ile iliyokuwa ikienda Ujiji. Walikuwa kama watu ishirini: katekista, wanajumuiya, fundi na ndoo yake ya saruji, Mathias katika shati jeupe. Bi Marcelina, mwanamke mwembamba mwenye mwanya katikati ya meno, alifika kwa basi la asubuhi na ndugu wawili, na ule mwanya Katarina aliujua. Aliuona kila siku mdomoni mwa Advera.

"Wangaluka, mayu," Bi Marcelina alimwamkia mtoto Kinyamwezi, akachuchumaa. Hakumgusa, kama aliyeambiwa asimguse. Kisha akainua macho kwa Katarina, na macho yakaanzia chini, kwenye upindo wa gauni la zambarau, yakapanda polepole.

"Shikamoo, mama," Katarina alisema.

Bi Marcelina hakuitikia. Alinyoosha vidole viwili akaishika kola nyeupe, akaigeuza, akaangalia mshono wa ndani.

"Hii niliishona mimi," alisema. "Kwa sindano ya mkono. Siku ya kipaimara cha mdogo wake." Akaiachia kola, akaipigapiga ikae sawa, kwa upole kabisa, na upole huo ulikuwa mbaya kuliko kibao. "Umependeza."

Bi Mektilda aliingia katikati haraka. "Tuanze, katekista, jua hili."

Wakaimba. Wakasali. Fundi akamimina saruji shimoni, wanaume wawili wakauinua msalaba, ukasimama. Katekista akamwita mjukuu asogee aweke mkono. Bi Mektilda alimsukuma mgongoni: "Nenda kwa bibi mzaa bibi."

Advera alisogea. Kiganja chake kidogo kilitua kwenye marumaru, chini tu ya maandishi, na hapo akatulia. Kidole kimoja kikapanda.

"Ka," alisema. Wimbo ulikuwa ukiendelea, na ni wachache waliosikia. "Ta. Ri..." Akageuka, uso umechanua, mwanya wote nje, mtu aliyefaulu mtihani. "Mama! Wameandika jina lako!"

Wimbo ulikatika, sauti moja moja, mpaka akabaki mzee mmoja wa nyuma aliyekuwa kiziwi kidogo.

Bi Mektilda alimtazama Katarina, na kwa mara ya kwanza katika miaka mitatu Katarina aliona hofu kwenye uso ule. Haikudumu. "Ni Katarina mwingine, mjukuu wangu. Akina Katarina ni wengi duniani."

"Yupi?"

"Wa zamani."

Mtoto alirudi kwenye jiwe. Kidole kikatambaa. "Ma. Thi. As." Akafikiri. "Mathias ni baba. Katarina wa baba." Akamgeukia Mathias, na Mathias akainama kukung'uta suruali iliyokuwa safi. "Baba, ni mama? Mbona mama yuko hapa?"



"Keti," Bi Mektilda aliita, tamu kama asali, na chini yake ukali ule. "Mchukue mtoto. Mwambie."

Alimaanisha danganya. Katarina alijua kabisa alichotakiwa kusema. Kilikuwa tayari ulimini, chepesi, cha kuzoea. Angesema ni wajina wangu, Vera, twende tukale wali, na usiku mtoto angelala ubavuni mwake kama jana. Lakini mwaka kesho angekuwa na miaka sita, na msalaba ungekuwa pale pale. Na yeye angeendelea kulazwa kitandani na kulala kaburini kwa wakati mmoja. Akapiga magoti kwenye vumbi, gauni la mwenzake likasambaa.

"Vera, niangalie. Aliyelala humu ni mama aliyekuzaa. Aliitwa Katarina, wakamwita Keti. Mimi pia nilibatizwa Katarina, lakini si mimi. Mimi kwetu Usinge naitwa Rina. Nilikuja ukiwa na miaka miwili, nikakukuta nyuma ya kochi."

"Mshenzi mkubwa wee!" Bi Mektilda aliruka.

"Mwache aseme," Bi Marcelina alisema bila kupandisha sauti, na ndugu zake wawili wakasogea, wakasimama mbele ya Bi Mektilda kama mlango.

Advera hakulia. Aliyachukua maneno moja moja, kama alivyochukua herufi.

"Yuko humu chini?"

"Yuko humu."

"Siku zote?"

"Siku zote, Vera."

"Hata nilipoumwa nikaita mama?"

"Hata ulipoumwa."

"Hakwenda Nzega kutibiwa."

"Hakwenda."

"Na hilo gauni ni lake?"

"Ni lake."

"Na viatu?"

"Na viatu."

Mtoto alimtazama miguuni, kisha kwenye kola, kisha usoni, na pale usoni akakaa muda mrefu, akitafuta kitu ambacho siku zote alikiona bila kukitafuta. Katarina alifungua mikono. Kwa siku nne alikuwa ameiona saa hii kichwani mwake, na kila mara iliishia hapa: mtoto analia, kisha anakuja. Alikuwa na uhakika atakuja. Homa ngapi, jioni ngapi mkekani. Angekuja tu, ni kumpa nafasi. Akaifungua mikono zaidi.

Advera alirudi hatua moja nyuma. Akarudi ya pili, mpaka mgongo wake ukagusa kanga ya Bi Marcelina, na mkono wa yule bibi ukamshuka begani kwa uzito wa mtu anayepokea kitu chake. Mtoto alipandisha mkono, akauweka kiunoni. Akainua kidevu. Ilikuwa kana kwamba Bi Mektilda mzima mzima amesimama pale, mfupi, mwenye mwanya, na hata kabla mdomo haujafunguka Katarina alijua sauti itakayotoka itakuwa ya nani. Kitu pekee ambacho hakukijua ni jina atakaloitwa.

"Rina aende kwao," mtoto alisema.